Wimbo Uliorudi na Majina ya Wengine

Siku yangu ya kwanza kazini niliamriwa nirekodi kimya. Nilishuka Hola kwa basi la asubuhi, shati langu jipya limeshakuwa jekundu kwa vumbi, nikaonyeshwa mlango wa Bwana Afisa wa Habari wa Wilaya. Alikuwa mtu mnene, miwani yake imefungwa kwa uzi, na salamu zake zilikuwa fupi. Aliniwekea mezani mashine ya kurekodia, ile ya zamani ya magurudumu mawili ya utepe, nzito kama debe la maji, akasema, "Haya, fundi. Rekodi."

"Nirekodi nini, bwana mkubwa? Hakuna anayesema."

"Rekodi hivyo hivyo."

Nikabonyeza, nikakaa, nikajiona mjinga. Aliporudisha utepe na kuupiga, nikasikia taipu ya karani chumba cha pili, njiwa wakitembea juu ya bati, mtu akiburura ndoo, na punda mbali. "Hicho ndicho kimya cha Hola," akaniambia. "Kila mahali pana kimya chake. Ukimrekodi mtu hapa, chukua na kimya cha hapa, ili siku ya kuunga usije ukamtilia kimya cha Bura katikati ya maneno yake. Msikilizaji hatajua kilichoharibika. Ataacha kukuamini tu."

Nawaeleza haya ninyi vijana ambao kazi hii mnaifanya kwa kidole kimoja kwenye simu. Zama zetu fundi wa sauti alikuwa mpagazi kwanza, ufundi ulifuata. Mashine begani, betri nzito kwenye mkoba, kipaza sauti kimevishwa soksi ili upepo wa tambarare usiingie. Ukirudi ofisini ndipo kazi inapoanza. Unasikiliza utepe, unatia alama ya penseli nyeupe pale pa kukatwa, unakata kwa wembe kimshazari, unaunga kwa kipande cha gundi. Vilivyokatwa vilianguka sakafuni, na mfagiaji wetu aliviokota akaenda kufungia miche yake ya nyanya. Nimeona kwa macho yangu hotuba za waheshimiwa zikishikilia nyanya, na nyanya zilikuwa nzuri sana.

Kutoka Hola nilipelekwa Bura, kwenye mradi wa umwagiliaji. Huko kazi ilikuwa kipindi cha wakulima. Meneja wa mradi alipenda kusikia sauti yake kuliko alivyopenda pamba, na mimi nilizunguka mifereji nyuma ya pikipiki ya mkulima mmoja, mashine mapajani, nikitafuta mtu wa kusema kwamba maji yanafika vizuri. Wakati mwingine sikumpata. Baadaye nikakaa Madogo kwa muda, katika vumbi la mnada wa mifugo. Hapo ndipo nilipomwona kwanza mfanyabiashara wa ngamia, mtu mzima mwenye ndevu, amekaa kibarazani mwa duka la Msomali mwenzake akilia machozi kwa sababu ya kanda ya mashairi iliyotoka kwao mbali. Hakumjua mwimbaji. Nikajiambia, kumbe sauti inaweza kusafiri bila mwenyewe na ikafanya kazi yake yote. Siku zile jambo hilo lilinifurahisha.

Garsen ndiko nilikomalizia. Mimi mtu wa Kipini, kwa hiyo ilikuwa kama kurudishwa karibu na nyumbani, ingawa barabara yenyewe ilikuwa ya kusindikizwa na polisi wenye bunduki kwa hofu ya majambazi. Ofisi yetu ilikuwa chumba kimoja karibu na soko, na kila juma tulituma kanda za nusu saa ya Kipokomo na nusu saa ya Kiorma. Kukata na kuunga kwa mwisho kulifanyika stesheni, mjini, na huko nilikuwa nikiitwa mara kwa mara kukaa na Bwana Mkuu wa Vipindi. Huyo alikuwa mtu wa kazi, mkali, na masikio yake hayakudanganyika. Lakini kila mwamba ngoma ngozi huivutia kwake, naye alivutia kwenye saa iliyokuwa ukutani.

Mwaka mmoja au miwili kabla ya mafuriko yale ya El Nino, aliniagiza wimbo wa kufungulia kipindi cha Kipokomo. Alitaka wimbo wa wanawake, mchangamfu, usio na mambo ya siasa. Nikaambiwa niende Golbanti, kwa mzee mmoja wa kanisa anayemwoza bintiye, na kwamba mwimbishaji atakuwa Mama Komora wa Idsowe. Nilimkuta amekaa kwenye mkeka jikoni, mwanamke mwembamba, ameegemeza mgongo ukutani na kufumba macho. Nilidhani amelala. Alikuwa anakariri.

Sasa nieleze, maana bila hili hamtaelewa lolote. Katika vijiji vile mwanamke aliyezaa haitwi jina lake. Anaitwa Mama Fulani, kwa mtoto wake wa kwanza. Akipata wajukuu anaitwa Bibi. Na kanisani, kwenye kitambulisho, kwa chifu, anatumia jina la ubatizo. Jina lake la kuzaliwa, lile alilopewa na wazee wake, linalala. Kulitaja ovyo ni utovu wa adabu. Linaamshwa siku moja tu, siku mjukuu wake anapotoka nyumbani kwa mamake kwenda kuolewa. Wanawake wanamwimbia bibi harusi akiwa bado ndani, wimbo ukifika mahali fulani wanatulia wote, kisha mwimbishaji anaita majina ya bibi zake, wa upande wa mama na wa upande wa baba, moja baada ya jingine, na msichana hatoki mlangoni mpaka asikie la mwisho. Ndivyo anavyoyajua. Mtoto wake wa kwanza wa kike atachukua mojawapo. Kwa sababu hiyo mwimbishaji huenda kwa mama mzazi siku kadhaa kabla ya harusi, anayachukua majina sikioni, kwa kunong'onezwa, na kila harusi huwa na yake. Wimbo ni mmoja, majina ni mbalimbali.

Siku ile Golbanti aliita majina ya nyumba ile, na la kwanza lilikuwa Hagodana. Aliliita kwa namna ambayo mshale wa kupimia sauti kwenye mashine yangu ulipanda ukagusa wekundu, nami sikuushusha. Nywele zilinisimama. Wimbo mzima ulikwenda karibu robo saa.

Mkuu wa Vipindi aliusikiliza wote bila kutikisika, kisha akatazama ukuta. "Mzuri. Nipe dakika moja."

"Bwana mkubwa, huu una mpangilio wake. Hapa kati wanatulia, kisha..."

"Hapo wanapotulia patoe. Redio haikai kimya, fundi. Redio ikikaa kimya watu hudhani serikali imepinduliwa." Wenzangu walicheka. "Acha kiitikio, acha hayo majina matatu ya mwanzo, yana ladha. Halafu shusha sauti polepole, mtangazaji aingie."

Nikakata. Msinitazame hivyo, kazi ilikuwa kukata. Ningekataa mimi angekata mwingine, na vibaya zaidi. Niliunga kiitikio na majina matatu, nikashusha sauti polepole, na kwa kweli kilitoka kipande kizuri kilichokusimamisha uliposikia. Kila juma kikafungua kipindi.

Kisha maji yakaja. Mliokuwepo mnakumbuka. Mto ulitoka kitandani mwake ukalala mashambani, mihogo ikaoza ardhini, ng'ombe wa Waorma wakafa wamesimama kwenye tope, na Garsen ikawa kisiwa. Watu walikaa kwenye miinuko majuma kwa majuma, wamezungukwa na maji, na kitu kilichowafikia bila mtumbwi wala helikopta kilikuwa redio. Walifungua kusikia chakula kinadondoshwa wapi. Wakiwa wanangoja tangazo, walisikia wimbo. Wasichana waliokuwa hawana shule, hawana shamba, hawana ngoma, waliushika wote, pumzi kwa pumzi. Maji yalipopungua, wimbo ulibaki.

Harusi ya kwanza niliyohudhuria baada ya mafuriko ilikuwa Tarasaa. Wasichana walisimama mlangoni wakaimba, nami nikafurahi kwa kuwa niliitambua kazi yangu. Walipofika kwenye majina wakaita, "Hagodana!" Nikamgeukia mwenyeji wangu nikamwuliza kama familia hii ina undugu na ile ya Golbanti. Akasema hapana, hata kidogo. Nikamngoja mmoja wa wale wasichana akipita na sinia, nikamwuliza, "Binti, huyo Hagodana ni nani wa bibi harusi?"

"Ah, si wimbo tu, mzee? Ndivyo unavyoimbwa."

Lakini hilo si lililonichosha zaidi. Walipofika mwisho, wasichana wale walianza kushusha sauti. Wote kwa pamoja, polepole, polepole, mpaka midomo ikawa inacheza bila kutoa kitu, kama nilivyoushusha mimi stesheni kwa kidole changu ili mtangazaji aingie. Kisha wakanyamaza wakatazamana. Hakuna mtangazaji aliyeingia. Nilicheka peke yangu, na kicheko kikakatika katikati, nikaomba maji ya kunywa.

Huku nyuma mji ulikuwa unabadilika kwa mengine mengi. Maduka ya kanda yalifunguliwa Garsen, video ikaja na jenereta yake, vijana wakaanza kutembea kama watu wa Mombasa na kusema kama watu wa Nairobi ambako hawajafika. Mmoja wao, Jilo, aliyekuwa na duka la kanda na spika kubwa za kukodisha harusini, alirekodi kipande chetu kutoka hewani akakirudufu. Kikauzwa mpaka Hola. Sina ugomvi na Jilo. Alikuwa kijana mchangamfu, mwenye heshima, na duka lake lilikuwa mahali pekee mjini ambapo ungeweza kukaa bila mtu kukuambia habari za mbuzi walioibwa.

Mama Komora alikuja ofisini asubuhi moja kwa miguu. Alikuwa amezeeka ghafla. Mafuriko yaliwazeesha wengi. Alikataa kiti, akakaa kizingitini, akafungua upindo wa leso akafuta uso.

"Mwanangu," akasema, "wewe ulichukua sauti yangu Golbanti."

"Ndiyo, Bibi."

"Sasa mimi naambiwa nakosea. Juzi niliimba kijiji ya Wema. Nimefika kwa majina, nimetulia, naita watu ya ile nyumba. Hawa watoto wakacheka. Wakaniambia, Bibi, kwa redio haiko hivyo. Mwenye wimbo ni nani, mimi ama redio?"

Nilimwambia ni yeye. Akatikisa kichwa, maana jibu hilo halikuwa na faida kwake.

"Sikia. Rehema anaolewa." Rehema alikuwa mjukuu wake wa pekee wa kike, binti ya mwanawe Komora. "Anataka kuimbiwa na spika. Anasema wenzake wote walitoka na spika, yeye atoke na mdomo ya mzee kwani ni yatima? Nimemwambia sawa. Sikatai spika. Lakini Hagodana si mtu yetu. Mtoto atatoka na bibi ya watu."

Kisha akasema jambo ambalo nadhani lilimgharimu. "Katika yale majina ya Rehema, moja ni yangu. Mimi naitwa Hawayu. Huyo mtoto hajui. Babake mwenyewe hataji. Kama halikuitwa hiyo siku, nani tena ataliita? Limelala, limelala moja kwa moja."

Nikamwuliza anataka nifanye nini, kama mafundi wanavyouliza wanapokosa la kusema. Naye alikuwa amekwisha kufikiri.

"Toa majina, acha pahali pake. Wimbo ipite, ifike pale, inyamaze. Mwenye nyumba ataita watu yake. Kisha wimbo iendelee. Hiyo inawezekana?"

Ilikuwa inawezekana kabisa. Katika miaka yangu yote ya kazi hakuna mhandisi aliyeniletea wazo lililo wazi kuliko lile. Nilipiga simu stesheni siku hiyo hiyo nikamweleza Mkuu wa Vipindi: turekodi upya, tuweke nafasi tupu, tueleze hewani maana yake. Laini ilikuwa inakwaruza. Alinisikiliza mpaka mwisho, nampa haki yake, kisha akauliza, "Nafasi tupu ya urefu gani?"

"Kama nusu dakika hivi, bwana mkubwa."

"Fundi, wewe umechoka. Chukua likizo."

Basi nikaamua kumfanyia mwenyewe, nje ya kazi, kwa ajili ya harusi ile moja. Nilikwenda Idsowe mchana na mashine ndogo ya kaseti. Mama Komora alikusanya wanawake wenzake, wale wachache waliokuwa bado na pumzi, wakaimba wimbo mzima. Walipofika pale pa majina walitulia, na mimi nikaiacha mashine izunguke. Ilichukua kimya cha Idsowe: kinu cha mahindi ng'ambo, kuku, mtoto akikohoa, upepo kwenye majani ya migomba. Kisha wakaingia tena na kiitikio. Tuliposikiliza, Mama Komora aliinua kidole pale kwenye nafasi akaita majina kwa sauti ya chini, akijipima. Yalienea bila kubanana. Akapiga makofi kama mtoto, nami nikaona raha ambayo kazi ilikuwa imekwisha kuacha kunipa.

Nilimpelekea Jilo kanda mwenyewe. Nikamweleza mara mbili: wimbo utafika mahali utanyamaza, usishtuke, usiguse kitu, mama ataita majina, kisha utaendelea wenyewe.

"Mzee, hiyo nimeshika poa," akaniambia. "Sitaitouch hata."

Nami nilimwamini, na alikuwa amesema kweli kwa kadiri alivyojijua.

Harusi ilikuwa ya Jumamosi, kabla ya kwenda kanisani. Jua kali. Tulikaa wanaume chini ya turubali, wanawake wamejaa uwanjani mpaka mlangoni, na spika za Jilo zimepangwa juu ya meza. Watu walikuwa wametoka Garsen, Wema, Golbanti, hata Malindi. Wimbo ulianza, na sauti za wale bibi wanane au kumi wa Idsowe zilitoka kubwa, safi, na watu wakapiga vigelegele. Nilimwona Rehema ndani ya giza la mlango, nguo nyeupe tu, akingoja. Mama Komora alikuwa amesimama pembeni mwa kizingiti, ameshika ukuta.

Wimbo ukafika pale ukanyamaza.

Mwimbishaji wa zamani haingii papo hapo. Anaacha utulivu ukae kwanza, watu wavute pumzi, ndipo anaita. Ndivyo alivyofanya hata Golbanti, na ndicho kilichozisimamisha nywele zangu. Lakini uwanja ule haukuwa umezoea tena utulivu kutoka kwenye spika. Utulivu kutoka kwenye spika una maana moja tu. Mtu akapiga kelele, "Imekufa!" Mwingine, "Jilo, betri!" Vijana wakaanza kupiga miluzi. Shangazi mmoja wa bibi harusi, mtu mzima, alipaza sauti, "Weka ile ya redio, mwanangu, utatuaibisha mbele ya wageni!" Nilisimama nikapunga mikono, nikaita, "Iache! Iache!" Kati yangu na meza kulikuwa na watu mia na viti vyao.

Jilo alistahimili. Nilimwona. Alishika mikono yake nyuma, jasho likimtoka, akimtazama Mama Komora amwokoe. Mama Komora akafumbua mdomo, akavuta pumzi. Na miluzi ikazidi, na kijana wa watu, ambaye riziki yake yote ilikuwa kuhakikisha spika hazinyamazi, akashindwa. Akachomoa kanda akatia ile ya redio, iliyokuwa imesimama kwenye majina.

"Hagodana!" ikaita spika, kwa sauti ya Mama Komora mwenyewe, alipokuwa bado na nguvu zake.

Uwanja ukalipuka kwa furaha. Walilijua jina hilo, walilipenda, waliliitikia kwa kuruka. Rehema akainua gauni akavuka kizingiti, akapita karibu kabisa na bibi yake, akitabasamu, machozi ya furaha yakimtoka kweli kweli, na wanawake wakamzingira wakaondoka naye kuelekea kwenye gari.

Nilipofika mlangoni uwanja ulikuwa mtupu nusu. Mama Komora alikuwa bado ameshika ukuta.

"Bibi, ungeendelea tu," nikamwambia. "Ungeita."

"Nimwite nani, mwanangu? Mtu ashatoka."

Jilo alikuja akaomba radhi mpaka akapiga goti. Yule mama alimwekea mkono kichwani, akamwambia hakuna neno, harusi imependeza. Na ilikuwa imependeza, sitasema uongo. Hakuna aliyekwenda nyumbani siku ile akijua kwamba kuna kitu kimekosekana.

Mama Komora alifariki masika yaliyofuata. Kwenye msalaba wa kaburi waliandika Esta, jina la ubatizo, na mama wa Komora. Katika miezi hiyo hiyo serikali ilikuwa inapunguza wafanyakazi, na jina langu likasomwa. Bwana DO, mkuu wa tarafa, alinifanyia chai ya kuniaga, akasema katika hotuba yake kwamba nimeihifadhi sauti ya wananchi. Nilishukuru, nikala mandazi. Nilikuwa nimechoka kiasi kwamba hata uchungu haukuwa na mahali pa kukaa.

Wengi huniuliza kama redio iliharibu mila. Swali hilo huulizwa na watu wanaotaka nijibu ndiyo ili waende zao. Mimi nimeona redio ikiokoa watu kwenye maji, na ikimliza mfanyabiashara wa ngamia kibarazani. Ninachoweza kuwaambia ninyi mnaoanza ni kwamba chombo chochote kinachobeba sauti kinapenda kilichokamilika. Kinapenda wimbo uliojaa, wenye mwanzo na mwisho, ule ule leo na kesho. Na yako mambo ya watu ambayo uzima wake uko pale palipoachwa wazi. Mkikuta pahali kama hapo, msiwe wepesi kupajaza. Usiache mbachao kwa msala upitao, walisema wahenga wa kwetu, lakini hawakutuambia tufanye nini msala ukija na spika. Nasema hivyo nikijua kwamba hamtanisikiliza, na simlaumu mtu. Nami sikusikiliza.

Mara ya mwisho nilipokwenda Garsen kufuatilia malipo yangu, nilimkuta Rehema sokoni akichagua embe, mtoto mgongoni. Alinisalimu kwa heshima zote, "Shikamoo, babu," akanigeuzia mgongo nimwone mtoto. Wa kike. Amelala, jasho puani.

"Anaitwa nani?"

"Hagodana," akasema, na uso wake ulikuwa umejaa fahari. "Tumempa la bibi yetu."

Nilitazama embe. Nilitafuta namna ya kulisema bila kumvunjia siku yake, na bila kumkosea adabu yule aliyelala Idsowe. Mwishowe nikasema tu, kama mtu anayepiga soga, "Jina zuri. Mimi nilidhani mtampa Hawayu."

Rehema alinitazama kwa upole, kama watu wanavyowatazama wazee wanaoanza kuchanganya mambo.

"Hawayu," akasema, akilionja. "Huyo ni nani, babu? Ni mtu wa kwenu Kipini?"